Kipimo cha Mbeba Chanjo

Jumanne, tarehe 14 Machi. Mawingu tangu alfajiri, manyunyu mepesi kuanzia saa moja kasorobo, upepo hakuna.

Asubuhi hiyo mbeba chanjo alitoka bafuni kwake ameshika kikopo cha plastiki chenye kifuniko cha rangi ya chungwa. Alikishika kwa mikono miwili, kama mtu aliyebeba chai iliyojaa pomoni na hataki imwagike hata tone. Akatazama saa, akafungua daftari lake dogo na kuandika: "Saa 1:10." Kisha akainama chini ya meza ya jikoni, akavuta kisanduku.

Kilikuwa kisanduku cha buluu chenye kuta nene, cha kubebea chanjo. Kazini kilikwisha kukataliwa kwa sababu ya ufa kwenye kifuniko, mtunza stoo akampa akitumie nyumbani. Alikipangusa kikauka, akapanga vipakiti vinne vya barafu pande zote nne, akafunga kikopo kwa kitambaa safi na kukiweka katikati. Juu yake akalaza kipimajoto. Alisubiri dakika nne bila kukaa. Nyuzi nne. Akatabasamu, akaandika, akakifunga kisanduku nyuma ya pikipiki kwa kamba mbili za mpira.

Kwa miaka kumi na moja kazi yake ilikuwa kutoa chanjo stoo kuu na kuzifikisha zahanati tisa zikiwa salama. Chanjo ikipata joto imekufa, na ukiitazama kwenye kichupa huwezi kujua. Kwa hiyo asubuhi na jioni alisoma joto la kila friji na kuliandika kwenye karatasi yake, na umeme ukikatika alikuwa mtu wa kwanza kufika stoo na wa mwisho kuondoka. Hakuwahi kupoteza hata kichupa kimoja njiani. Manesi walimwita Barafu, na jina hilo lilimkaa vizuri. Kusema kweli, alilipenda.

Kikopo kile ndicho alichokuwa akikipeleka maabara ya hospitali, akapimwe kama ana uwezo wa kupata mtoto.

Wazo lilikuwa la mke wake. Mke wake alikuwa fundi vigae, mwanamke mwenye magoti magumu na jicho lisilosamehe mstari uliopinda. Walioana wakiwa watu wazima, yeye na miaka thelathini na nane, mkewe thelathini na tano. Mwaka wa kwanza mkewe alimeza vidonge vya uzazi wa mpango, maana nyumba yao ilikuwa bado haina dari. Dari ilipokamilika, swali likaja lenyewe wakiwa wanakula.

"Mume wangu, vidonge naacha lini?"

"Hata leo."

"Leo hapana. Kwanza tupime, wote wawili."

"Tupime nini na hata hatujaanza? Watu hupima wakishindwa."

"Sawa. Nikuulize. Friji jipya likiletwa kazini kwenu, unalijaza chanjo siku hiyohiyo?"

Mbeba chanjo aliacha kutafuna. Friji jipya huwashwa likiwa tupu, likasomwa joto kwa siku tatu mfululizo, ndipo likatiwa chanjo. Kanuni hiyo alikuwa akiwahubiria manesi kila mwaka.

"Siku tatu tupu," alijibu chinichini.

"Basi."

Lakini lilikuwepo jambo jingine ambalo mkewe hakulitaja, kwa heshima. Kaka mkubwa wa mbeba chanjo alikuwa ameoa mara mbili. Mke wa kwanza alikaa naye miaka tisa, wa pili mitano, na wote wawili walirudishwa kwao wakiitwa tasa. Leo wa kwanza ana watoto watatu na wa pili ana mapacha. Kaka mtu hajawahi kupima mpaka leo. Kwao habari hiyo haizungumzwi, ingawa hakuna asiyejua kuhesabu. Mbeba chanjo ni wa tumbo moja na huyo kaka, na fikra hiyo ilikuwa ikimtafuna taratibu tangu siku ya harusi.

Mkewe alipima Februari. Damu, kisha ultrasaundi, kisha maswali mengi kuhusu siku zake. Kila kitu kilikuwa sawa. Alirudi na karatasi zake, akazilaza mezani mbele ya mumewe. "Zamu yako, bwana."

Ndipo alipokwenda hospitali, akapewa kikopo na karatasi ya njano ya maelekezo. Nesi wa dirishani, aliyemfahamu, alimwambia, "Usome, Barafu. Siku tatu bila kumsogelea mama, na kikopo kifike ndani ya saa moja."

"Dada, mimi leo nifundishwe kubeba kitu?"

"Haya, mtaalamu."

Alikunja ile karatasi bila kuisoma, akaichomeka nyuma ya daftari. Siku tatu alizitimiza kwa uaminifu. Mkewe aliweka mto katikati ya kitanda na kuuita mpaka wa nchi mbili.

Jumanne hiyo ya manyunyu alifika maabara kwa dakika thelathini na nane. Kwenye fomu palikuwa na mstari wa namna sampuli ilivyosafirishwa. Aliujaza kwa herufi za kusomeka: "Kisanduku baridi, barafu nne, nyuzi 4." Karani alipokea fomu, akatazama kisanduku, akatikisa kichwa kwa kupendezwa.

"Wote wangekuwa kama wewe, kazi ingekuwa rahisi."

Mbeba chanjo aliondoka kifua mbele.

Alhamisi alipewa bahasha. Aliifungulia kwenye benchi la nje, jua kali, watu wakipita na vyeti vyao. Idadi ya mbegu kwa mililita: milioni arobaini na nane. Umbo: la kawaida. Mwendo: asilimia sifuri.

Akasoma tena akidhani ameruka tarakimu. Sifuri. Milioni arobaini na nane, na hakuna hata moja inayotembea. Chini palikuwa na sahihi ya mtu asiyemjua, na maneno mawili: "Kipimo kirudiwe." Hayo hakuyatilia maanani. Kwake "kirudiwe" lilikuwa neno la upole tu, kama mtu anavyoambiwa "pole" msibani.

Alikaa pale mpaka benchi likamchoma mapaja. Kisha akaondoka, kwa sababu zahanati ya nne ilikuwa ikisubiri chanjo ya surua.

Huko zahanati ukumbi ulijaa akina mama na watoto wa miezi tisa. Alikabidhi chanjo, akasoma kipimajoto cha friji, akaandika. Mama mmoja aliyekuwa akitafuta kadi ndani ya mkoba alimsukumia mtoto bila hata kumwangalia.

"Barafu, nishikie huyu."

Mtoto alikuwa mzito na mwenye jasho. Akamshika kola, akaivuta na kuanza kuinyonya kwa bidii.

"Ona anavyokupenda," nesi akasema. "Na wewe lete wa kwako tumchome sindano, tulipize kisasi."

Akina mama wakacheka. Mbeba chanjo naye akacheka, akamrudisha mtoto kwa mama yake na kutoka nje. Alisimama nyuma ya choo cha zahanati, akitazama ukuta. Miaka kumi na moja amepeleka chanjo kwa watoto wa watu. Alijaribu kujumlisha ni wangapi, akashindwa, na si kawaida yake kushindwa hesabu.

Jioni mkewe akauliza, "Vipi, majibu?"

"Bado hayajatoka."

Ijumaa akauliza tena, naye akajibu vilevile, macho kwenye sahani. Alijilaza lakini hakulala. Hofu ya ugonjwa haikumsumbua sana. Kilichomnyima usingizi ni kwamba ule uongo ulimtoka mdomoni kwa urahisi kupita kiasi. Aliona wazi jinsi mtu anavyoanza. Leo unasema bado hayajatoka. Mwezi ujao unasema yametoka na ni mazuri. Mwaka wa tatu watu wanamwangalia mkeo kwa jicho la pembeni, nawe unanyamaza. Kaka yake, aliwaza, pengine hakuanza akiwa mtu mbaya. Alianza kwa kunyamaza siku mbili.

Jumamosi asubuhi akawasha pikipiki, akaenda moja kwa moja kazini kwa mkewe.

Lilikuwa jengo la ofisi lililokuwa likimaliziwa. Mkewe alikuwa korido ya chini, amepiga magoti juu ya vipande vya sponji, mwiko wenye meno mkononi, pima maji kando yake, akigonga kigae kwa nyundo ya mpira.

"Usikanyage mstari huo, haujakauka," alisema bila kugeuka.

"Ni mimi."

"Najua ni wewe. Viatu vyako vinalia."

"Majibu yametoka."

"Lini?"

"Alhamisi."

Nyundo ikasimama hewani. "Alhamisi ipi?"

"Hii iliyopita."

"Na jana nilipokuuliza?"

"Jana nilikudanganya. Na juzi."

Mkewe akageuka, akaketi juu ya visigino vyake, akajifuta gundi kwenye aproni. "Sema."

"Zipo nyingi. Lakini hazitembei. Hata moja." Kisha akatoa yale aliyoyapanga njia nzima. "Wewe umri unakwenda. Sitaki ukae na mimi miaka tisa ukingoja kitu ambacho hakipo. Ukitaka kwenda, sitakuzuia. Na nitawaambia watu wote, kuanzia mama yangu, kwamba tatizo ni langu. Hakuna atakayekutaja wewe."

Chumba cha pili mtu alikuwa akikata kigae, mashine ikalia na kunyamaza.

"Umemaliza?"

"Nimemaliza."

"Hotuba nzuri. Uliifanyia mazoezi njiani?"

"Kidogo."

"Ilete hiyo karatasi."

Akaisoma taratibu, kidole kikifuata mistari. Akarudi juu, akasoma tena. "Milioni arobaini na nane."

"Ndiyo."

"Na zote zimesimama. Zote kabisa, hata moja isijitikise?" Akakunja uso, uso uleule anaoufanya sakafu inapotoa sauti ya uwazi chini yake. "Mume wangu, kigae kikinyanyuka, mimi sianzi kukilaumu kigae. Nauliza gundi ilichanganywa saa ngapi, ilikaa juani muda gani, na nani aliyepita juu yake kabla haijashika. Ingekuwa zinatembea chache, ningesema sawa. Lakini zote kwa pamoja? Zimekutwa na kitu njiani hizi. Nipe daftari lako."

"Daftari halina kitu."

"Wewe? Wewe unaandika mpaka saa uliyonunua kiberiti. Lete."

Akampa. Mkewe akafungua ukurasa wa Jumanne na kusoma kwa sauti. "Saa moja na kumi, kikopo. Saa moja na kumi na nne, kisanduku, barafu nne, nyuzi nne." Akanyanyua macho. "Kisanduku kipi?"

"Kile."

"Kile kipi?"

"Cha buluu."

"Kisanduku changu cha maji ya kunywa?"

"Kikopo nilikifunga kwa kitambaa kwanza. Na nilikiosha baada—"

"Bwana wee! Wiki nzima nakunywa maji humo!"

Aliposema hivyo alilitikisa daftari kwa hasira, na ile karatasi ya njano ikateleza kutoka nyuma, ikaanguka juu ya kigae kibichi. Mkewe akaiokota upesi isishike gundi. Akaikunjua. Akasoma kimya, midomo ikicheza. Kisha akasoma kwa sauti, neno kwa neno, kama mwalimu anayempa mtoto imla.

"Kikopo kibebwe karibu na mwili, ndani ya nguo, ili kibaki na joto la mwili. Kisiwekwe kwenye friji wala kwenye barafu. Baridi huzuia mbegu kutembea."

Mbeba chanjo alihisi masikio yakimwaka moto. Mkewe akaanza kutetemeka mabega, akaziba mdomo kwa aproni, na hatimaye kicheko kikamponyoka, kikajaa korido yote mpaka fundi wa chumba cha pili akaita, "Kuna nini huko, dada?"

"Hakuna kitu! Mume wangu huyu!"

"Chanjo ukiiacha kwenye joto—" alianza kujitetea.

"Hizi siyo chanjo, baba! Umezipeleka maabara meno yanagongana! Zitembee vipi?"

Naye akaangua kicheko, akateleza ukutani mpaka akaketi chini, kwa bahati pale palipokauka. Walicheka mpaka machozi. Kisha mkewe akajifuta uso na sauti yake ikabadilika.

"Sikiliza. Hii haimaanishi mambo ni mazuri. Inawezekana hata bila barafu yako hazitembei, na kama ndivyo, tutajua na tutaona la kufanya, mimi na wewe. Karatasi hii haisemi ndiyo wala hapana. Umenielewa?"

"Nimekuelewa."

"Lakini siku mbili ulizonidanganya hizo sizicheki. Kuhusu jambo hili usinifiche tena hata saa moja."

"Sitakuficha."

"Haya, nyanyuka. Umekalia misalaba yangu ya plastiki ya kutenganishia vigae."

Jumatatu alirudi maabara. Safari hii alikutana na mkuu wa maabara, mama mwenye miwani mizito ambaye wagonjwa walimwita Mama Darubini. Wiki ile ya kwanza alikuwa likizo. Alimsikiliza mpaka mwisho, akavuta fomu ya Jumanne kutoka kwenye faili, akausoma ule mstari.

"Nyuzi nne," alisema.

"Ndiyo, mama."

"Na karani alikuona na kisanduku?"

"Alisema wote wangekuwa kama mimi."

Mama Darubini alivua miwani na kujikanda macho. "Mungu atunusuru. Wewe umekosea, mdogo wangu, lakini sisi tumekosea zaidi. Uliandika wazi na hakuna aliyesoma. Nitazungumza nao. Wewe njoo baada ya wiki tatu. Siku tatu za mapumziko kama mwanzo. Kikopo kifuani, ndani ya shati. Na hata kingekuja vizuri, kipimo kimoja hakitoshi kumhukumu mwanamume. Hubadilika. Homa tu inaweza kukishusha."

Wiki tatu hizo zilikuwa ndefu. Alifanya kazi yake kama kawaida, joto asubuhi na jioni. Hofu haikumwisha, na baadhi ya siku alijishika akimfikiria kaka yake katikati ya barabara mpaka wa nyuma wanampigia honi. Lakini sasa akirudi nyumbani alilisema. "Leo nimeogopa," alikuwa akisema akivua viatu, na mkewe alijibu, "Hata mimi, tangu saa nne," kisha wakala.

Jumanne, tarehe 11 Aprili, walikwenda wote wawili. Kikopo kilikuwa ndani ya shati, juu ya fulana, na koti limefungwa mpaka shingoni. Mkewe alikaa nyuma ya pikipiki, amemzungushia mkono na kukibana kikopo kwa kiganja.

"Endesha polepole."

"Tuna saa moja tu."

"Basi endesha polepole, lakini ufike."

Mama Darubini aliwapokea mwenyewe. Aliwaambia wasubiri nje. Walisubiri. Mkewe alihesabu vigae vya sakafu ya korido na kusema aliyevibandika alikuwa na haraka ya kwenda harusini. Mbeba chanjo hakusikia. Baada ya nusu saa mlango ukafunguliwa.

"Kwa kawaida siruhusu," mama yule alisema, "lakini nyinyi njooni. Mtu aliyeona sifuri anahitaji kuona kwa macho yake."

Mbeba chanjo akainamia darubini. Mwanzo aliona kope zake tu. Kisha duara la mwanga likatulia, na ndani yake palikuwa na vitu vidogo vyenye mikia, vingi, vikikimbia huku na huko kama watu waliosikia treni inaondoka. Mbegu nyingine zilikuwa zimesimama. Nyingi zilikuwa zinatembea. Alishikilia meza kwa mikono yote miwili.

"Nisogee na mimi," mkewe akasema. Akaangalia kwa jicho moja. "Hee! Na ile inayozunguka palepale tu?"

"Kila kundi lina wa namna hiyo," Mama Darubini akajibu.

"Hiyo imemrithi baba. Inasoma joto kwanza."

Idadi milioni hamsini na moja. Mwendo asilimia hamsini na tatu. Mama Darubini aliandika, akapiga muhuri, akawatazama juu ya miwani.

"Msije mkaondoka hapa mkadhani nimewapa mtoto. Sijawapa. Ninachosema ni kwamba kwa upande wa baba sioni cha kuwazuia kuanza, na karatasi za mama nimeziona. Wengine huchukua mwezi, wengine mwaka mzima na hawana tatizo lolote. Miezi sita ikipita kimya, kwa umri wa mama, msikae nyumbani mkihesabu, rudini."

"Tutarudi," mkewe akasema.

"Kwa mguu wa heri, natumaini."

Nje mbeba chanjo alivaa kofia ngumu, akawasha pikipiki bila kufunga mkanda. Mkewe akamfungia, akampiga kofi dogo la shavuni, akapanda nyuma.

Kesho yake, Jumatano, anga lilikuwa jeupe na kulikuwa na baridi kidogo. Mbeba chanjo aliamka mapema, akapita duka la dawa lililo karibu na stendi, akangoja kwenye ngazi mpaka muuza dawa alipofika na kufungua makufuli. Aliomba vidonge vya foliki asidi, vile anavyomeza mwanamke anayejiandaa kushika mimba.

"Vya mke? Ana miezi mingapi?"

"Hana bado. Tunaanza."

"Mmewahi vizuri," muuza dawa akasema. "Wengi huja wakati mtoto amekwisha jipanga tumboni. Kimoja kila siku, kuanzia leo."

Alirudi nyumbani badala ya kwenda stoo. Mkewe alikuwa mlangoni, begi la zana begani, mguu mmoja tayari ndani ya buti. Vidonge vya uzazi wa mpango alikuwa ameviacha tangu jana; akakimeza kidonge cha kwanza cha foliki asidi palepale kwa chai iliyobaki kikombeni, akafunga kamba za buti, wakaondoka, kila mmoja kazini kwake.